Maswali yanayoulizwa mara kwa mara kuhusu vifaa vya faiba vya msongamano mkubwa katika vituo vya data na mitandao ya hifadhi

Dar es Salaam, Nairobi, Mombasa na Kampala sasa zina vituo vya data vinavyokodisha nafasi kwa benki, kampuni za simu na taasisi za umma, jambo lililokuwa gumu kufikirika kabla ya mikongo ya baharini ya SEACOM na TEAMS kufika mwaka 2009 na EASSy mwaka 2010. Kadiri data nyingi zaidi inavyohifadhiwa hapa nyumbani, ndivyo kebo za faiba zinazounganisha seva na mashine za hifadhi zinavyoongezeka, na ndivyo maswali ya wahandisi, wasimamizi wa TEHAMA na maofisa ugavi yanavyozidi. Hapa tunajibu yale yanayorudi mara nyingi. Jambo moja linapita katika majibu yote: idadi ya poti kwa kila yuniti ya raki ni sehemu tu ya hesabu. Sehemu iliyobaki ni kama mwanga unafika ukiwa na nguvu ya kutosha, na kama mkono wa fundi unaweza kuifikia poti moja bila kuzigusa za jirani.

Vifaa vya msongamano mkubwa ni vifaa gani hasa?

Ni pachi paneli (mbao za poti ambako kebo hukutanishwa), kaseti (visanduku vidogo vya konekta vinavyochomekwa humo), kebo kuu zilizofungwa konekta kiwandani, na swichi kubwa, vyote vikiwa vimebuniwa ili miunganisho mingi ya faiba ikae katika nafasi ndogo ya raki. Kipimo chake ni yuniti moja ya raki, yaani 1U, yenye kimo cha milimita 44.45. Katika kimo hicho, paneli ya msongamano mkubwa yenye adapta za LC, aina ndogo ya konekta, hubeba nyuzi 96 au hata 144, na paneli ya 4U hufikia nyuzi 576. Upande wa swichi, chasi za daraja la dairekta, yaani swichi kubwa kuu za mtandao wa hifadhi, kama Cisco MDS 9710 na Brocade X6-8, zikijazwa kadi nane za poti 48, huwa na poti 384 kila moja. Kila poti ina uzi wa kutuma na uzi wa kupokea, hivyo nyuzi 768 hutoka katika uso wa chasi moja.

Ukisoma tarakimu hizo katika kipeperushi cha muuzaji, uliza swali la ziada: paneli hii ikiwa imejaa, fundi anaitoaje konekta iliyo katikati? Baadhi ya paneli zina trei zinazovutwa mbele, nyingine zinatumia pachi kodi (kebo fupi za kuunganishia) zenye ulimi mrefu wa kuvutia, na nyingine hazina lolote kati ya hayo. Paneli ya aina hiyo ya tatu huonekana nzuri siku ya kukabidhiwa mradi, kisha huwa chanzo cha kukatika kwa huduma kila inapofunguliwa.

Kwa nini mtandao wa hifadhi unadai faiba nyingi kuliko mtandao wa kawaida wa ofisi?

Kwa sababu hujengwa mara mbili. Mtandao wa hifadhi, ambao wengi huuita SAN, huwa na mitandao miwili iliyotenganishwa kabisa, fabriki A na fabriki B, ili hitilafu ya swichi moja isizinyime seva data zake. Chukulia benki yenye seva 60, kila seva ikiwa na poti mbili za kadi ya HBA, yaani kadi inayoiunganisha seva na SAN, pamoja na mashine mbili za hifadhi zenye poti nane kila moja. Hizo ni poti 136, ambapo 68 huenda fabriki A na 68 fabriki B. Kwa nyuzi mbili kila poti, tunapata nyuzi 272. Zikipitishwa katika pachi paneli upande wa seva na upande wa swichi, kama inavyostahili, paneli hizo zitakuwa na ncha 544 za kutunzwa, na bado hatujahesabu viungo vya swichi kwa swichi.

Kuna sababu nyingine inayohusu ubora kuliko wingi. Fibre Channel, itifaki inayobeba data katika SAN, imejengwa juu ya dhana kwamba fremu, yaani vifurushi vya data, hazipotei. Fremu ikiharibika njiani kwa sababu ya konekta chafu, amri nzima ya kusoma au kuandika inaweza kukwama hadi muda wa kungoja wa mfumo wa uendeshaji uishe, na katika Linux muda huo kwa kawaida ni sekunde 30. Mteja aliyesimama kaunta hataona faiba wala swichi, ataona tu kwamba mfumo umeganda. Ndiyo maana hitilafu ndogo ya mwanga, ambayo katika mtandao wa barua pepe isingemsumbua mtu, katika hifadhi ya benki huamsha watu usiku.

Nitumie konekta za LC au za MPO?

Kwa kawaida zote mbili, kila moja mahali pake. Konekta ya LC, yenye feruli (kishikio kigumu cha ncha ya uzi) ya milimita 1.25, ndiyo inayoingia katika moduli nyingi za mwanga, yaani vipande vya swichi na seva vinavyogeuza umeme kuwa mwanga, za Fibre Channel na katika Etheneti ya gigabiti 10 na 25. Konekta ya MPO hukusanya nyuzi 8, 12, 16 au 24 katika feruli moja bapa, na ndiyo inayofanya kebo kuu iwe nyembamba na iweze kupitishwa haraka kutoka raki hadi raki. Kaseti hukaa kati yake: nyuma ina MPO, mbele ina LC. Jina MTP, ambalo hukutwa sana katika ankara, ni jina la biashara la kampuni ya US Conec kwa konekta zake za MPO, na hizo huingiliana na MPO nyingine zinazofuata kiwango.

Angalia pini. Konekta ya MPO huwa na pini mbili za chuma za kulinganisha nyuzi, au huwa na matundu ya kuzipokea. Moduli za mwanga zina pini, kwa hiyo kebo inayoingia humo lazima iwe na matundu. Ukikutanisha matundu kwa matundu, konekta zitafungana kana kwamba mambo ni sawa, lakini nyuzi hazitakaa uso kwa uso. Ukilazimisha pini kwa pini, utaharibu feruli zote mbili. Oda nyingi zinazofika zikiwa hazitumiki zina kosa hili, na huwa ni kosa la kisanduku kimoja tu kwenye fomu ya ununuzi.

Vipi kuhusu konekta mpya ndogo zaidi kama SN na MDC?

Zinafanya kazi nzuri na zinatoa miunganisho mingi zaidi katika nafasi ileile. Zinunue pale tu moduli za swichi yako zinapozidai, kwa sababu vipuri vyake, visafishio vyake na hadubini zenye ncha zake maalumu bado havipatikani kirahisi madukani kwetu.

Poleriti ni nini, na kwa nini huwachanganya hata wazoefu?

Poleriti ni utaratibu unaohakikisha kwamba uzi unaotuma upande mmoja unafika kwenye kipokezi upande wa pili. Katika kebo ya LC yenye nyuzi mbili, jambo hili hurekebishwa kwa kubadilishana nyuzi hizo, na kwa pachi kodi nyingi za kisasa hilo hufanyika kwa kidole bila kifaa chochote. Katika MPO, nyuzi 12 husafiri pamoja, na huwezi kumgeuza mmoja ukamwacha mwenzake.

TIA-568, kiwango cha Marekani cha ulazaji nyaya, kinaeleza njia tatu za zamani. Katika njia A, kebo kuu inanyooka: uzi wa 1 hutokea nafasi ya 1, na ubadilishanaji hufanywa na pachi kodi ya aina tofauti upande mmoja tu. Katika njia B, kebo kuu inageuza mpangilio wote, uzi wa 1 ukitokea nafasi ya 12, na pachi kodi za pande zote mbili zinafanana. Katika njia C, kila jozi inabadilishana ndani ya kebo yenyewe, wa 1 akienda nafasi ya 2 na wa 2 akienda nafasi ya 1. Toleo la 568.3-E limeongeza njia mbili, U1 na U2, ambazo zinaruhusu kaseti za aina moja kutumika pande zote mbili.

Njia A inamtaka fundi akumbuke, saa nane za usiku, ni upande upi unaohitaji pachi kodi ya pekee. Njia C inafaa kwa jozi, lakini inasumbua siku utakapotaka kuunganisha moduli mbili za MPO moja kwa moja. Kwa hiyo kwa kituo kipya ningechagua njia B au U1, ambazo kebo yake kuu ni aina B, yaani aina ileile inayohitajiwa na moduli za nyuzi sambamba kama 40GBASE-SR4 na 100GBASE-SR4. Moduli hizo hutumia nyuzi nne za ukingo mmoja kutuma na nne za ukingo wa pili kupokea, huku nne za katikati zikibaki gizani. Vyovyote utakavyochagua, chagua njia moja kwa jengo zima, na uiandike katika mlango wa kila raki. Kaseti za watengenezaji wawili tofauti zisichanganywe katika kiungo kimoja bila kulinganisha michoro yao ya ndani.

Kati ya OM3, OM4, OM5 na OS2, ninunue ipi?

Faiba za OM ni za maltimodi, yaani mwanga hupita ndani yake kwa njia nyingi kwa pamoja. OM3, OM4 na OM5 zina kiini cha mikromita 50, na mara nyingi hutumiwa na leza za nanomita 850. OS2 ni ya singomodi, yaani ya njia moja tu ya mwanga, yenye kiini cha takriban mikromita 9. Rangi za ganda husaidia kuzitambua: manjano kwa OS2, bluu ya bahari kwa OM3 na OM4, zambarau kwa OM4 ya baadhi ya watengenezaji, na kijani cha ndimu kwa OM5. Rangi ya machungwa ni dalili ya OM1 au OM2 za zamani, na hizo zisihesabiwe katika mradi wowote mpya.

Kasi inapopanda, umbali unapungua. Etheneti ya gigabiti 10 kwa 10GBASE-SR hufika mita 300 kwa OM3 na mita 400 kwa OM4. Kwa 100GBASE-SR4 umbali hushuka hadi mita 70 na mita 100. Fibre Channel nayo ni hivyo hivyo: kwa OM4, kizazi cha gigabiti 8 kilifika mita 190, cha 16 mita 125, na cha 32 mita 100. Ukumbi ambao nyaya zake zilipimwa kwa kizazi cha 8 unaweza kushindwa kubeba cha 32 hata kama hakuna kilichoharibika.

Ndani ya safu moja ya raki, OM4 bado ni chaguo la busara kwa SAN kwa kuwa moduli zake ni nafuu. Kati ya vyumba, kati ya ghorofa, na popote unapotarajia gigabiti 400 siku za mbele, laza OS2. Moduli za 400GBASE-DR4 hufika mita 500 kwa singomodi. OM5 ilibuniwa kwa ajili ya moduli zinazotumia mawimbi kadhaa ya mwanga katika uzi mmoja, na kama huna mpango wa kununua moduli hizo, haikupi umbali wa ziada kwa leza za kawaida za nanomita 850.

Bajeti ya upotevu wa mwanga inahesabiwaje?

Hili ndilo swali ambalo ningependa kila ofisa ugavi alielewe, kwa sababu hapa ndipo kaseti ya bei rahisi hugeuka kuwa ghali. Kila kiungo kina kiasi cha mwanga kinachoruhusiwa kupotea, kinachopimwa kwa desibeli. Kwa Fibre Channel ya gigabiti 32 juu ya mita 100 za OM4, kiasi hicho ni desibeli 1.86 kwa njia nzima. Faiba yenyewe hula kama desibeli 0.36 katika umbali huo, kwa hiyo konekta zote zinabakiwa na desibeli 1.5 za kugawana.

Sasa tuhesabu. Seva imeunganishwa kwenye kaseti, kebo kuu inakwenda hadi kaseti ya pili, na kutoka hapo pachi kodi inaingia kwenye swichi. Kila kaseti ina makutano mawili, moja la LC mbele na moja la MPO nyuma, kwa hiyo kiungo chetu kina makutano manne. Kiwango cha TIA kinaruhusu kila kutano kupoteza hadi desibeli 0.75. Nne mara 0.75 ni 3, ambayo ni maradufu ya kile tulichonacho. Kebo hizo zote zimekidhi kiwango, kila moja ina cheti chake, na bado kiungo hakikidhi.

Tukitumia kaseti za upotevu mdogo, zenye ukomo wa desibeli 0.35 kwa MPO na 0.15 kwa LC, kila kaseti inakula 0.5, zote mbili zinakula 1.0, na tunabakiwa na nusu desibeli kwa ajili ya uchakavu na vumbi. Mtu akija na wazo la kuongeza eneo la kati la kubadilishia nyaya, tutakuwa na kaseti nne na upotevu wa 2.0, na bajeti imevunjika tena. Wazo lenyewe si baya, maana eneo kama hilo linarahisisha sana utunzaji wa dairekta. Linahitaji tu ama kiungo kifupi zaidi, ama konekta bora zaidi, ama singomodi, na uamuzi huo ufanywe kabla ya oda kutoka.

Kwa sababu hiyohiyo, tahadhari na vifaa vya kuchepusha mwanga kwa ajili ya ufuatiliaji wa mtandao. Kifaa kinachogawa mwanga nusu kwa nusu kinaondoa angalau desibeli 3 kwa kila upande. Kwa singomodi ya 10GBASE-LR, yenye bajeti ya desibeli 6.2, hilo linavumilika. Kwa maltimodi ya kasi kubwa linazidi bajeti yote ya kiwango, kwa hiyo dai jedwali la mtengenezaji linaloonyesha umbali mfupi ambao anauthibitisha.

Usafi una uzito kiasi gani, hasa?

Una uzito kuliko chapa uliyonunua. Weka ncha ya LC ya singomodi chini ya hadubini ya video: utaona duara kubwa la kijivu, ambalo ni ganda la kioo lenye kipenyo cha mikromita 125, na katikati yake nukta ndogo ya mikromita 9 ambayo ndiyo njia pekee ya mwanga. Konekta iliyotoka kwenye mfuko wa plastiki ikiwa bado na kifuniko chake mara nyingi huonyesha madoa kama ya mafuta na chembe za plastiki zilizotoka kwenye kifuniko hicho hicho. Chembe moja ikikaa juu ya nukta, mwanga unazibwa. Ikikaa pembeni, hubanwa kati ya ncha mbili zinapokutana, hupasuka, na vipande vyake huchimba kioo. Hapo kitambaa hakisaidii tena, kebo inatupwa.

Utaratibu ni huu: kagua, safisha, kagua tena, ndipo uunganishe. Anza kwa kisafishio kikavu cha kubofya, kinacholingana na aina ya konekta. Doa likibaki, tumia kitambaa kisichotoa nyuzinyuzi chenye pombe ya isopropili kidogo, kisha malizia kwa ukavu ili pombe isiache alama. Kagua na upande wa pili, ule uliomo ndani ya adapta ya paneli, kwa sababu watu husafisha pachi kodi iliyo mkononi na kuusahau. Kiwango cha IEC 61300-3-35 kinatoa vigezo vya kukubali au kukataa ncha, na hadubini nyingi za kisasa zinakitumia zenyewe bila kumwachia fundi akisie.

MPO ni ngumu zaidi, kwa kuwa chembe moja kati ya nyuzi 12 inaweza kuzuia feruli nzima isikae sawa. Kwa mazingira yetu, maboksi ya katoni yafunguliwe nje ya ukumbi wa seva, kazi za kutoboa kuta zimalizike kabla faiba haijafunguliwa, na katika miji ya pwani vipuri vihifadhiwe katika chumba chenye kiyoyozi badala ya stoo ya kawaida yenye unyevu na hewa ya chumvi.

Usiangalie kamwe ncha ya faiba kwa jicho au kwa hadubini ya kutazamia moja kwa moja. Mwanga wa leza hizi hauonekani, na macho hayatakuonya.

Je, faiba inaweza kupindwa ndani ya raki iliyojaa?

Inaweza, kwa kiasi. Faiba za singomodi za kundi la G.657.A1 zimebuniwa kuvumilia mpindo wenye nusu kipenyo cha milimita 10, na A2 milimita 7.5. Kwa kebo nzima, fuata karatasi ya mtengenezaji, na ukikosa, usishuke chini ya mara kumi ya unene wa kebo ikiwa imetulia na mara ishirini wakati wa kuivuta. Funga kwa tepu za kunata zinazofunguka, si kwa vibano vya plastiki vinavyokaza. Pachi kodi zenye nyuzi zote mbili ndani ya ganda moja hupunguza wingi wa nyaya mbele ya dairekta kwa nusu, na hilo husaidia hata hewa ya kupoza kupita. Kabla ya kununua swichi, hakikisha pia kwamba mwelekeo wa feni zake unalingana na njia ya hewa baridi ya ukumbi wako.

Ninunue kebo zilizofungwa konekta kiwandani, au nichomelee mwenyewe?

Ndani ya ukumbi, nunua za kiwandani. Upotevu wake umepimwa na kuandikwa, na MPO ya ubora haitengenezwi vizuri sakafuni. Gharama yake iko kwenye urefu: kebo iliyopungua mita mbili haina dawa, na nyingine italazimika kuagizwa, isafirishwe, isubiri forodha. Pima kwa kamba halisi kufuata trei, ukihesabu kupanda, kushuka na mzunguko wa akiba ndani ya raki, badala ya kupima mchoro wa sakafu kwa rula. Kebo zinazotoka nje ya jengo ni suala jingine, hizo zichomelewe.

Je, moduli za mwanga za watengenezaji wengine zitafanya kazi?

Kwa Etheneti, mara nyingi ndiyo, kwa masharti ya mtengenezaji wa swichi. Kwa Fibre Channel, baadhi ya swichi hukataa moduli zisizotambuliwa, na hata zinapozikubali, msaada wa kiufundi unaweza kusitishwa hadi uzitoe. Katika SAN ya benki au hospitali singehatarisha msaada huo ili kuokoa bei ya moduli.

Tunataka kuunganisha kituo kikuu na kituo cha akiba mji mwingine. Mipaka ni ipi?

Mwanga ndani ya kioo hutumia takriban mikrosekunde 5 kwa kilomita, kwa hiyo kwenda na kurudi ni mikrosekunde 10. Dar es Salaam hadi Dodoma ni karibu kilomita 450 kwa barabara. Kama faiba ingefuata barabara hiyo bila kuzunguka popote, kila uandishi wa papo kwa papo ungeongezewa milisekunde 4.5 kabla ya hifadhidata kupata jibu, na vifaa vya njiani vikiongeza zao. Kwa hifadhidata yenye shughuli nyingi mzigo huo ni mzito. Kwa umbali kama huo, nakili kwa kuchelewa kidogo, na unakili wa papo kwa papo uuache kwa vituo viwili vya mji mmoja au vilivyo ndani ya kilomita 100.

Kuna pia suala la krediti za bafa. Poti ya Fibre Channel haitumi fremu mpya mpaka upande wa pili uwe na nafasi ya kuipokea, na kadiri umbali unavyoongezeka ndivyo fremu nyingi zaidi zinavyokuwa njiani zikisubiri kuthibitishwa. Kwa fremu zilizojaa, gigabiti 32 hudai karibu krediti 16 kwa kila kilomita, kwa hiyo kiungo cha kilomita 50 kinahitaji takriban 800. Zikipungua, kiungo hakikatiki, kinapungua kasi tu, na watu humlaumu mtoa huduma wa faiba ambaye hana kosa.

Vipimo gani nidai kwa mkandarasi kabla ya kupokea kazi?

Dai upotevu wa kila uzi, uliopimwa kwa chanzo cha mwanga na mita ya nguvu, pamoja na picha za hadubini za kila ncha. Kipimo cha OTDR, kifaa kinachotuma mwanga na kusoma unaorudi, ni cha nyongeza: kinaonyesha tatizo liko wapi, lakini hakichukui nafasi ya kipimo cha upotevu wa njia nzima. Matokeo yalinganishwe na bajeti ya itifaki utakayoitumia, si na ukomo wa kiwango wa kila konekta peke yake, kwa sababu zilizoelezwa hapo juu.

Nipange vipi lebo?

Njia inayofanya kazi kwenye dairekta ni kuunda paneli inayorudia poti zake: kadi ya 3 poti ya 17 kwenye chasi iwe na nafasi yake ileile kwenye paneli. Nyaya za kati ya chasi na paneli hiyo zinaunganishwa mara moja na haziguswi tena, na mabadiliko yote hufanyika kwenye paneli. Kila kebo iwe na lebo pande zote mbili, ikitaja ncha zote mbili. Fabriki A na fabriki B zipewe rangi tofauti za pachi kodi au za buti (mikono ya mpira nyuma ya konekta), hata kama faiba ni ya aina moja.

Raki yangu ni moja, ina swichi mbili na mashine moja ya hifadhi. Nahitaji haya yote?

Hapana. Pachi kodi za LC za urefu unaofaa, kisafishio kizuri na lebo vinakutosha.

Je, inawezekana kubadilisha nyaya bila kusimamisha huduma?

Ndiyo, ikiwa fabriki mbili zimetenganishwa kweli na kila seva inaona njia zote. Kabla ya kugusa chochote, pata orodha ya njia kutoka kwa programu ya kila seva inayosimamia njia za hifadhi. Kwa kawaida itajitokeza seva moja au mbili zenye njia upande mmoja tu, na hizo zirekebishwe kwanza. Kisha fanya kazi fabriki A peke yake, huku B ikibeba mzigo wote. Ukimaliza, soma nguvu ya mwanga inayopokelewa kwenye kila moduli, sifurisha kaunta za makosa ya CRC, yaani za fremu zilizofika zimeharibika, na uache mzigo wa kawaida upite kwa siku nzima ya kazi, ikiwemo saa ya kufunga hesabu. Kaunta zikibaki sifuri na seva zote zikiwa zimerudisha njia zake za A, ndipo uhamie fabriki B.